Nargis na Tuzo Zake

Katika maisha yangu ya kazi nimegawa zawadi nyingi kuliko nilizopokea. Mkuu wa chuo cha ualimu, msomaji atakumbuka, ndiye anayesimama jukwaani siku ya mahafali, mgeni rasmi akiwa upande wake wa kulia na meza yenye kitambaa cheupe ikiwa mbele yake. Juu ya meza hupangwa kamusi, kalamu za wino, saa za ukutani na, katika miaka ile mibaya ya upungufu, miche ya sabuni na jozi za kanga. Jina linaitwa, mwanachuo anapanda, anashikwa mkono, makofi yanapigwa. Kwa nje ni jambo jepesi. Kwa ndani, yaani katika kikao cha usiku uliotangulia ambapo wakufunzi huamua nani apewe nini na kwa sababu gani, si jepesi hata kidogo. Nami niliyekiongoza kikao hicho kwa miaka mingi najua kwamba maneno yanayoandikwa kwenye cheti aghalabu hueleza zaidi tabia ya waliotoa kuliko kazi ya aliyepewa.

Nayasema haya mapema kwa sababu nataka kuzungumzia tuzo za mwigizaji mmoja wa filamu, marehemu Nargis wa Bara Hindi, na sitaki msomaji adhani ninaowakosoa ni watu wa mbali tu.

Wenzangu wa rika langu waliokulia katika miji ya pwani hawahitaji kuelezwa Nargis ni nani. Picha za Kihindi zilikuwa chakula chetu cha Jumapili. Tulizijua nyimbo zake kabla hatujajua maana yake, na baadhi ya nyimbo hizo tulizikuta baadaye zimevaa kanzu ya Kiswahili katika taarabu, tukacheka kwa kukutana na rafiki wa zamani. Mimi nilikuwa na umri wa miaka 13 nilipoiona Mother India mjini Tanga, mwaka 1962, nikiwa nimekaa kati ya mama yangu na fundi cherehani mmoja wa mtaani kwetu. Fundi huyu alikuwa amefanya kazi miaka mingi kwenye duka la vitambaa la Wahindi na aliifahamu lugha yao, au tuseme aliifahamu kiasi cha kututosha. Alikuwa akitafsiri kwa sauti, na safu tatu za viti zilizotuzunguka zilimtegemea yeye. Pale asipoelewa alijaza mwenyewe. Ilinichukua miaka kugundua kwamba baadhi ya maneno niliyoyapenda sana katika filamu ile yalikuwa ya fundi.

Mama alikuwa mjane mwenye watoto watano. Wanawake wengine walilia ukumbini hadi ncha za buibui zikalowa, lakini yeye hakulia. Njiani, tulipokaribia nyumbani, alisema jambo moja tu: "Wamemvika mataji, lakini hakuna aliyemuuliza." Sikumwelewa. Nilidhani hakuipenda picha.

Kwa vijana ambao hawajaiona, nitaeleza kwa ufupi. Radha, yaani Nargis, anaolewa kijijini, na mama mkwe wake amekopa rupia 500 kwa mkopeshaji aitwaye Sukhilala ili kugharimia harusi. Deni hilo linaila familia. Mume anapondwa mikono yote miwili na jabali walipokuwa wakisafisha shamba jipya, naye kwa aibu anaondoka asirudi tena. Mafuriko yanakuja, watoto wanakufa, wawili wanabaki. Sukhilala anataka kumnunua Radha kwa chakula cha watoto wake, naye anakataa, anajifunga jembe la kukokotwa na ng'ombe mabegani mwake na kulima. Mmoja wa wanawe, Birju, anakua na hasira ya deni lile, anakuwa jambazi, anamuua mkopeshaji na kumteka binti yake. Mama anachukua bunduki na kumuua mwanawe ili kulinda heshima ya binti wa kijiji. Mwanzoni na mwishoni mwa filamu tunamwona akiwa ajuza, amevishwa taji la maua, akiombwa kufungua mfereji wa maji.

Filamu hii ilitoka mwezi Oktoba 1957, ikiongozwa na Mehboob Khan, ambaye alikuwa ameisimulia hadithi hiyo hiyo mwaka 1940 katika filamu iliyoitwa Aurat, maana yake "Mwanamke". Tazama basi safari ya jina: mwaka 1940 ni mwanamke, mwaka 1957 ni Mama India. Katika miaka hiyo 17 nchi ilipata uhuru, na mwanamke akawa nchi.

Hapo ndipo tuzo zilipomfikia Nargis kwa pamoja kama mvua ya masika. Mwaka 1958 alipewa tuzo ya Filmfare ya mwigizaji bora wa kike. Mwaka huo huo, kwenye tamasha la Karlovy Vary katika Chekoslovakia ya wakati ule, akatangazwa mwigizaji bora wa kike, na serikali ya nchi yake ikamtunuku nishani ya Padma Shri pamoja na Devika Rani, mwigizaji aliyemtangulia. Filamu yenyewe ilifika hadi kwenye orodha ya tuzo za Oscar kwa filamu za lugha za kigeni, ikashindwa na Nights of Cabiria ya Federico Fellini. Isitoshe, mwezi Machi mwaka ule ule aliolewa na Sunil Dutt, kijana aliyecheza kama Birju. Walipokuwa wakipiga picha za filamu hiyo moto ulimzingira Nargis, naye Dutt akaingia na kumtoa. Msomaji anayependa tarehe atafurahi kujua kwamba Nargis alizaliwa tarehe 1 Juni 1929, na Dutt tarehe 6 Juni 1929. Mama alikuwa mkubwa kwa mwanawe kwa siku tano.

Siku tano! Nimelifikiria jambo hili mara nyingi, kwa sababu ndani yake kuna kipimo cha kazi aliyoifanya. Mwanamke wa miaka 28 anavaa mvi na kuinamisha mgongo, na anamtazama kijana wa rika lake kwa jicho la mtu aliyemnyonyesha. Sisi watoto wa Tanga tuliamini. Fundi cherehani naye aliamini, maana alituapia kwamba mwigizaji yule ni mtu mzima aliyechukuliwa kijijini kwao. Huo ni ufundi mkubwa na tuzo ilistahili kutolewa. Silipingi hilo.

Ninalolihoji ni jingine. Nargis hakuanza mwaka 1957. Alitokea kwenye filamu kwa mara ya kwanza akiwa mtoto, mwaka 1935. Mama yake, Jaddanbai, alikuwa mwimbaji, mtunzi wa muziki na mtengenezaji wa filamu. Mehboob Khan huyu huyu alimpa nafasi ya mwanamke mzima katika Taqdeer mwaka 1943, akiwa na miaka 14 tu. Kufikia mwaka 1951 alikuwa ameshafanya Andaz, Barsaat na Awaara, kazi tatu ambazo kwa maoni yangu zingetosha kwa maisha ya mtu mmoja. Kwa kazi hizo hakupata Filmfare, na sababu ni nyepesi: tuzo hizo zilianza kutolewa mwaka 1954. Hili si kosa la mtu. Walakini zilipokwisha kuanza, Nargis aliendelea kucheza kijana mwenye maarifa, mwalimu katika Shree 420, msichana mkaidi katika Chori Chori, na tuzo zikaenda kwa Meena Kumari mara mbili, kwa Kamini Kaushal, kwa Nutan. Siwadharau hao, hasa Nutan. Nasema tu kwamba mlango ulimfungukia Nargis siku aliyojifunga jembe.

Sasa nimwombe msomaji aziweke Andaz na Mother India ubavu kwa ubavu, kama ninavyofanya mimi kila ninapopata nafasi. Zote mbili ni za Mehboob. Katika zote mbili Nargis anapiga bunduki na kumuua mwanamume. Katika Andaz, ya mwaka 1949, yeye ni Nita, binti wa tajiri, anayepanda farasi, anayecheka na kuzungumza na rafiki wa kiume bila woga. Rafiki huyo, Dilip Kumar, anauelewa vibaya urafiki; mchumba wake, Raj Kapoor, anauelewa vibaya zaidi; na Nita, ambaye ndiye peke yake aliyejua moyo wake ulipo, anaishia kumuua yule rafiki na kufungwa jela. Filamu inamwadhibu na inataka tukubali kwamba amestahili, kwa kuwa aliiga mambo ya kigeni. Katika Mother India anaua mwanawe wa kumzaa, na anavikwa taji la maua. Mwanamke mmoja, mwongozaji mmoja, bunduki moja. Aliyeua kwa ajili ya nafsi yake alikwenda gerezani, na aliyeua kwa ajili ya kijiji alikwenda kwenye jukwaa la tuzo.

Uigizaji wa Andaz, kwangu mimi, ni mgumu zaidi. Katika Mother India kila kitu kinamsaidia mwigizaji: mafuriko, moto, ng'ombe, muziki wa Naushad, umati wa wakulima. Katika Andaz ana uso wake tu. Kuna wakati Nita anaanza kufahamu kwamba Dilip anampenda, na Nargis anaendelea kutabasamu ilhali macho yameshaacha kucheka. Nilipokuwa nikiwafundisha wanachuo kuhusu ishara za mwili za mwalimu darasani nilitamani sana kuwa na mkanda ule. Mwalimu anayetabasamu kwa mdomo tu, watoto humjua siku ya kwanza.

Na Awaara je? Ya mwaka 1951. Rita ni mwanasheria. Tunamkuta mahakamani akimtetea mshtakiwa, Raj Kapoor, na kumhoji maswali makali Jaji Raghunath, mlezi aliyemkuza, ambaye ndiye baba wa mshtakiwa bila kukiri. Msomaji atambue ni mwaka gani huo. Katika nchi yetu wakati ule msichana aliyefika darasa la nane alikuwa akionyeshwa kwa kidole njiani. Jaji yule anachezwa na Prithviraj Kapoor, baba mzazi wa Raj Kapoor. Sasa sikiliza hesabu hii. Tuzo ya juu kabisa ya sinema nchini India ni ile ya Dadasaheb Phalke, iliyoanza na mwaka 1969, na ya kwanza ilikwenda kwa mwanamke, Devika Rani, sifa iwaendee waliofanya hivyo. Prithviraj Kapoor alipewa ya mwaka 1971 akiwa amekwisha kufariki. Raj Kapoor alipewa ya mwaka 1987. Dilip Kumar akapewa ya mwaka 1994. Jaji amepewa, mshtakiwa amepewa. Wakili aliyewaunganisha hakupewa.

Mtu atasema, na ni haki aseme, kwamba Nargis alifariki mapema, tarehe 3 Mei 1981, kwa saratani, akiwa na miaka 51, na kwamba tuzo za namna hiyo huwafikia wazee. Ni kweli. Lakini Prithviraj alipewa akiwa marehemu, kwa hiyo mauti hayakuwa kizuizi. Halafu pia aliacha kazi alipoolewa, karibu kabisa, na kamati hupenda watu wanaobaki machoni. Nayakubali hayo yote, na bado hesabu hainitoki kichwani. Studio ya Raj Kapoor ilichukua alama yake kutoka kwenye filamu ya Barsaat: mwanamume ameshika fidla mkono mmoja, na mwanamke amelala juu ya mkono wa pili. Mwanamke huyo ni Nargis. Alikuwa nembo ya kampuni, na nembo hailipwi pensheni.

Nilikuwa mwanachuo Dar es Salaam, nadhani mwaka 1969, nilipoiona Raat Aur Din. Ukumbi ulikuwa nusu tupu. Ilikuwa filamu ya nyeusi na nyeupe, ilhali watu walikwisha kuzoea rangi, na ilikuwa imechukua miaka mingi kukamilika kwa kuwa Nargis alikuwa na nyumba na watoto. Kabla ya hapo, mwaka 1964, mumewe alikuwa ametengeneza filamu iitwayo Yaadein ambayo yeye Dutt ndiye mwigizaji pekee, na Nargis anaonekana mwishoni kama kivuli ukutani. Niliposoma habari hiyo nilicheka peke yangu kama mwehu. Kutoka nembo hadi kivuli.

Katika Raat Aur Din anacheza mwanamke mmoja mwenye watu wawili ndani yake. Mchana ni Varuna, mke mtulivu anayetii. Usiku anaamka kama Peggy, anavaa kizungu, anakwenda klabuni, anakunywa na kucheza, na asubuhi hakumbuki kitu. Familia inadhani ni pepo. Wanaitwa waganga, kisha daktari. Kama sinema, si filamu iliyokamilika. Madaktari wake wanazungumza kama vitabu, na mwisho wake ni wa haraka. Lakini Nargis! Hakuna mahali anapobadilika kwa kelele. Bega moja linashuka, kidevu kinainuka, na tayari ni mtu mwingine chumbani, na yule wa kwanza humwoni tena hata ukimtafuta. Alikuwa na miaka 38. Kwa kazi hiyo akapewa tuzo ya taifa ya mwigizaji bora wa kike, mara ya kwanza kabisa tuzo hiyo kutolewa, kwa filamu za mwaka 1967. Filmfare walimteua tu wakaishia hapo.

Katika tuzo zake zote hii ndiyo ninayoiheshimu zaidi, na ndiyo isiyotajwa. Waulize watu kumi wanaomkumbuka Nargis, kenda watakutajia Mother India, na wa kumi atakuimbia wimbo wa Awaara. Tuzo ya Raat Aur Din ilitolewa kwa mwanamke ambaye hakumwokoa mtu yeyote. Hakulima, hakujitoa mhanga, hakuwa nchi. Waamuzi walikuwa hawana kitu kingine cha kusifu isipokuwa uigizaji.

Hapa nilipe deni langu. Katika chuo changu cha mwisho palikuwa na mkufunzi wa hisabati, mama mmoja ambaye sitamtaja jina. Niliingia darasani kwake kukagua mara nyingi, na kusema kweli nyingine sikwenda kukagua, nilikwenda kujifunza. Alifundisha sehemu kwa kukunja kanga mbele ya darasa, nusu, robo, thumni, mpaka mwanachuo aliyekuwa akichukia hesabu anaomba yeye mwenyewe kuikunja. Alikuwa na mtindo mwingine: anaandika ubaoni jibu lenye kosa, anaweka chaki chini, anakaa kimya. Dakika mbili, tatu. Kimya kinawaelemea. Hatimaye mmoja ananyoosha mkono kwa hofu: "Mwalimu, samahani..." Naye anatabasamu kama mtu aliyekuwa akisubiri mgeni. Sijapata kuona ufundishaji bora kuliko huo, na nimeona walimu mamia.

Kila mwaka niliandika taarifa yake ya siri. Niliandika, na nakala ninazo, kwamba ni mvumilivu, ana huruma, anawalea wanachuo kama watoto wake, ni mama wa chuo. Niliamini namsifu. Ilipotokea nafasi ya kusimamia taaluma, majina mawili yalipelekwa mbele, lake na la mwanamume mmoja ambaye taarifa zake, nilizoziandika mimi mwenyewe, zilisema ana mbinu bora za ufundishaji na uwezo wa uongozi. Mbinu zake zilikuwa za kawaida. Alipewa yeye. Wala siwalaumu waliochagua, walisoma nilichokiandika.

Siku anastaafu tulimpa jozi ya kanga na cheti kikubwa chenye fremu, kimeandikwa "Mama Mlezi". Watu walipiga vigelegele. Jioni alikuja ofisini kuniaga, akakiweka cheti mezani na kuniambia kwa upole, kama alivyozoea: "Mkuu, nimefundisha hapa miaka 18. Sina karatasi hata moja yenye neno hisabati." Nilitafuta la kusema sikulipata. Akasema, "Si neno, Mkuu, tubaki salama," akakichukua cheti chake akaenda zake. Usiku ule ndipo maneno ya marehemu mama, tuliporudi kutoka sinema, yalipofunguka. Radha anavikwa maua na kuambiwa afungue mfereji. Anasitasita, na maji yanapotoka anayaona mekundu kama damu ya mwanawe. Wote waliomzunguka wanashangilia. Kweli, hakuna aliyemuuliza.

Lakini sitaki kumfanya Nargis malaika aliyeonewa, maana huko kutakuwa kumvisha taji jingine la maua. Mwaka 1980 aliteuliwa kuwa mjumbe wa Rajya Sabha, baraza la juu la Bunge la India, na humo alimshambulia Satyajit Ray, mwongozaji wa Pather Panchali, kwamba anajipatia sifa Ulaya kwa kuwauzia umaskini wa India badala ya kuwaonyesha India ya kisasa, ya mabwawa na viwanda. Nilipoisoma habari hiyo nilihuzunika. Mwanamke aliyechukua tuzo Karlovy Vary kwa kujifunga jembe mabegani anamlaumu mwenzake kwa kuonyesha njaa! Baadaye nikaona kwamba ndani ya fikra zake hapakuwa na mgongano. Umaskini wa Mother India ni wa fahari, una muziki mkubwa nyuma yake na mwishoni unalipwa kwa mfereji. Umaskini wa Ray hauahidi chochote. Binti anakufa kwa homa, familia inapakia vyombo kwenye mkokoteni inaondoka. Nargis alikuwa amepokea nishani kwa umaskini wa aina ya kwanza, na nadhani nishani hiyo ilimfundisha kuuona huo ndio wa kweli. Tuzo hufanya kazi hiyo pia. Inamwambia mtu ni kipi katika kazi yake kilichopendwa, naye, akiwa binadamu, huanza kukilinda. Ray hakupungukiwa kitu. Mwaka 1992 Oscar ya heshima ilimfuata kitandani hospitalini.

Baada ya kifo chake heshima ziliendelea. Stempu ya posta ilitolewa mwaka 1993. Na ile tuzo ya taifa iliyotolewa kila mwaka kwa filamu bora ya kuhimiza umoja wa kitaifa ilipewa jina lake: Tuzo ya Nargis Dutt. Aliyebuni jina hilo alifikiri vizuri. Binti wa Kiislamu aliyeolewa na Mhindu, aliyecheza mama wa kijiji cha Kihindu mpaka taifa zima likamwita mama, jina lake lilisema jambo lenyewe bila hotuba. Mwezi Februari 2024 kanuni za tuzo hizo zilirekebishwa. Jina la Indira Gandhi liliondolewa kwenye tuzo ya mwongozaji anayeanza, na jina la Nargis Dutt likaondolewa kwenye tuzo ya umoja. Sasa inaitwa tuzo ya filamu bora inayohimiza maadili ya kitaifa, kijamii na ya mazingira. Ni jina refu, na kwa masikio ya mwalimu wa zamani ni jina la mada ya semina.

Habari hiyo nilisomewa na mjukuu wangu, anayesoma mwaka wa pili wa sheria, kwa sababu macho yangu hayawezi tena maandishi madogo ya simu. Aliniuliza kwa nini nimenyamaza, na huyo Nargis alikuwa nani hasa. Nilianza kumweleza habari za Mother India, deni, mafuriko, bunduki, na nikajiona nafanya kile kile nilichokifanya miaka yote katika zile taarifa za siri. Nikaacha katikati. Nikamwambia atafute Awaara.

Aliipata upesi, akaiunganisha na runinga sebuleni. Picha ni za mikwaruzo na sauti inakatika. Fundi cherehani hayupo siku nyingi, na maneno ya tafsiri yaliyopita chini ya picha yalikuwa ya Kiingereza, hivyo nikamtafsiria mimi. Ilipofika Rita anasimama mbele ya jaji, akiwa amevaa joho jeusi, na kuanza kumhoji, mjukuu wangu akaniwekea mkono begani ninyamaze.

"Subiri kwanza, babu," akasema. "Nataka kusikia anavyouliza."